Kufungua LLC Marekani: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Majibu haya ni ya mtu anayefungua kampuni ndogo Marekani: dereva wa lori, msusi, mwenye nyumba ya kulea wazee, au aliyeko Nairobi au Dar anayeuza huduma mtandaoni. Ada zinazotajwa ni za jimbo lenyewe, si za wale wanaokujazia fomu kwa malipo. Hupanda mara kwa mara, kwa hiyo pitia tovuti ya jimbo kabla hujatoa kadi.

## Mambo ya mwanzo

1. LLC ni nini, na inanikinga na nini hasa?

Ni kifupi cha Limited Liability Company, kampuni inayosimama kisheria mbali na mwenyewe. Wyoming ndiyo iliyotunga sheria ya kwanza ya LLC, mwaka 1977, na leo kila jimbo lina yake. Hakuna LLC ya taifa zima, wala IRS, mamlaka ya kodi ya taifa, haisajili kampuni. Unasajili jimboni, mara nyingi kwenye ofisi ya Katibu wa Jimbo, ndipo unakwenda IRS kuomba namba ya kodi ya kampuni (EIN).

Kinga yenyewe ni hii: kampuni ikidaiwa, mdai hufuata mali ya kampuni, si nyumba yako wala akiba yako. Lakini haikukingi na ulilolitenda mwenyewe. Ukimgonga mtu na lori la kampuni yako, utashtakiwa wewe na kampuni pamoja. Haikukingi na mkopo uliouwekea dhamana binafsi, na karibu kila benki itakutaka uiweke. Haikukingi na kodi uliyowakata wafanyakazi kisha hukuipeleka IRS. Kwa hiyo anayekuambia ukiwa na LLC huhitaji bima, usimsikilize.

2. Nimekuwa nikifanya biashara bila kusajili chochote. Nina kosa?

Kwa kawaida huna. Ukifanya kazi peke yako kwa jina lako, sheria inakuhesabu mfanyabiashara binafsi, na mapato unayaonyesha kwenye Schedule C ya fomu yako ya kodi. Kosa linaanza ukitumia jina la biashara bila kuliandikisha panapotakiwa, au ukifanya kazi ya leseni bila leseni (swali la 18).

Anayesuka wateja wachache sebuleni kwake anaweza kungoja. Anayebeba mizigo, anayelea wazee, anayepika chakula cha kuuza, asingoje. Wala asingoje mwenye mshirika: watu wawili wakifanya biashara pamoja bila karatasi huhesabiwa wabia, na kila mmoja anaweza kudaiwa deni lote alilolifanya mwenzake kwa ajili ya biashara.

3. Lazima niwe raia au niwe na green card?

Kuimiliki, hapana. Mkimbizi, anayesubiri uamuzi wa hifadhi, hata asiyewahi kukanyaga Marekani anaweza kumiliki LLC. Fomu ya jimbo haiulizi hali yako ya uhamiaji.

Shida iko kwenye kufanya kazi. Mwenye viza ya F-1 (ya mwanafunzi) au H-1B (ya aliyeajiriwa na kampuni) anaweza kuwa mmiliki, lakini akianza kuendesha biashara kila siku bila kibali kinachomruhusu, hiyo ni kazi isiyo na ruhusa, na mara nyingi huibuka siku ya mahojiano ya green card. LLC haikupi viza. Swali hili mpelekee wakili wa uhamiaji, si anayekuuzia usajili.

## Jimbo gani, na kwa bei gani

4. Naambiwa nisajili Wyoming au Delaware kwa sababu ni nafuu na siri. Ni kweli?

Kwa mtu anayeishi na kufanya kazi Marekani, jibu ni moja: sajili jimbo unalofanyia kazi.

Ukiwa na saluni Columbus halafu ukasajili Wyoming, sheria ya Ohio inaiona kampuni yako kuwa ya nje na inakutaka uiandikishe Ohio pia. Sasa unalipa ada mbili, mawakala wawili (swali la 7), na ripoti ya mwaka ya Wyoming ambayo Ohio isingekudai. Kodi haipungui hata senti, kwa sababu kodi ya mapato hufuata mahali kazi inapofanyika na mahali mmiliki anapoishi. Usipojiandikisha Ohio, unaweza kuzuiwa kumshtaki mahakamani mteja aliyekataa kukulipa. Na ile siri ya Wyoming huisha pale Ohio inapotaka jina la mtu kwenye leseni, benki ikataka kitambulisho, na mwenye nyumba akataka sahihi yako kwenye mkataba wa pango.

Delaware ina maana kwa kampuni inayotafuta wawekezaji wakubwa, kwa sababu mahakama yake ya biashara inajulikana na mawakili wao wameizoea. Wyoming, Delaware au New Mexico zina maana pia kwa aliye nje ya Marekani kabisa, asiye na jimbo la nyumbani (swali la 17).

5. Inagharimu kiasi gani?

Angalia bei mbili, ya kusajili na ya kila mwaka. Ya pili ndiyo inayowachosha watu.

- Kentucky: dola 40 kusajili, dola 15 kila mwaka, mwisho Juni 30.
- Ohio: dola 99, hakuna ripoti ya mwaka.
- Arizona: dola 50, hakuna ripoti ya mwaka.
- Iowa: dola 50, ripoti kila baada ya miaka miwili.
- Minnesota: dola 155 mtandaoni au 135 kwa posta. Kuhuisha kila mwaka ni bure, lakini ni lazima ufanye kabla ya Desemba 31 kuisha.
- Texas: dola 300. Kampuni ndogo kwa kawaida hailipi kodi ya jimbo, ila inatuma ripoti ya taarifa kila Mei 15.
- Florida: dola 125, kisha 138.75 kila mwaka kabla ya Mei 1. Ukichelewa, faini ni dola 400.
- Massachusetts: dola 500 kusajili na 500 kila mwaka.
- Delaware: dola 110, kisha 300 kila Juni 1.
- California: dola 70 kusajili, 20 za fomu ya taarifa ndani ya siku 90, halafu angalau dola 800 kila mwaka, upate faida usipate.

New York ina mtego wake. Ada ni dola 200, lakini ndani ya siku 120 lazima utangaze kampuni kwenye magazeti mawili yanayoteuliwa na karani wa kaunti, wiki sita mfululizo, kisha upeleke uthibitisho pamoja na dola 50. Ukiwa Manhattan, matangazo pekee yanaweza kupita dola 1,000.

Kwa California kuna la kujua kuhusu tarehe. Ukiwa mwishoni mwa mwaka na hujaanza kazi, omba usajili uanze Januari 1, usije ukalipa dola 800 kwa ajili ya wiki chache za Novemba na Desemba.

## Kujaza fomu

6. Jina nichague vipi?

Lazima liwe na LLC au maneno yake kamili, na litofautiane na kampuni zote zilizoko kwenye daftari la jimbo hilo. Kubadili nukta, koma, au kuongeza “The” mbele hakutoshi. Maneno kama Bank, Insurance na University yanahitaji idhini maalumu. Majina ya Kiswahili yanakubaliwa, lakini usidhani uko peke yako: Safari, Jambo, Baraka na Simba yameshachukuliwa majimbo mengi.

Tafuta kwenye daftari la jimbo kwanza, kisha kwenye orodha ya alama za biashara ya USPTO, ofisi ya taifa inayozisajili. Ni vitu viwili tofauti. Jimbo kukubali jina hakumzuii mwenye alama ya biashara kukuandikia barua ya wakili mwaka kesho, ukiwa umeshachora jina hilo ubavuni mwa lori. Angalia na anwani ya tovuti kama ipo wazi, kabla hujalipa.

7. Wakala wa kampuni, yule fomu inayemwita Registered Agent, ni nani?

Ni mtu au kampuni iliyoko ndani ya jimbo, yenye anwani ya mtaa, inayopokea hati za mahakama na barua za jimbo saa za kazi. Sanduku la posta halikubaliki. Majimbo mengi yanakuruhusu uwe wakala wako mwenyewe, na ni bure.

Ila fikiri mara mbili kama unashinda barabarani au unahamahama nyumba. Hati ya mashtaka ikifikishwa kwenye anwani ya zamani na wewe hukuiona, kesi inaweza kwisha bila wewe. Wakala wa kulipwa huchukua takribani dola 50 hadi 150 kwa mwaka. Kwa dereva wa masafa marefu, hizo si pesa za kuonea uchungu.

8. Fomu inauliza nini?

Kidogo kuliko watu wanavyodhani. Majimbo mengi yanaiita Articles of Organization. Texas na Delaware zinasema Certificate of Formation. Mara nyingi ni ukurasa mmoja au miwili: jina, anwani ya ofisi, wakala, mwandikishaji, na nani anaiendesha.

Mwandikishaji ni yeyote aliyetia sahihi fomu, si lazima awe mmiliki. Penye uendeshaji, chagua “member-managed” kama wamiliki ndio wafanyakazi. Chagua “manager-managed” kama kuna mmiliki aliyetoa pesa tu, tuseme kaka yako aliyeko Mombasa, na hutaki awe na mamlaka ya kutia sahihi mikataba. Lengo la biashara andika kwa upana, “any lawful business”, ili ukitoka kwenye kusuka na kuingia kwenye kuuza nywele usirudi kulipa marekebisho.

Kumbuka kila ulichoandika kinaweza kuonekana na umma. Ukitumia anwani ya nyumbani, itabaki mtandaoni.

9. Fomu yangu imerudishwa. Kwa nini?

Sababu hujirudia: jina limeshachukuliwa, “LLC” haikuandikwa, wakala hakukubali kwa sahihi katika jimbo linalotaka sahihi yake, anwani ni ya sanduku la posta, au malipo hayakupita. Soma barua ya kukataliwa, rekebisha kile kimoja, tuma tena. Majimbo mengine hayakulipishi tena, mengine hulipisha upya.

10. Inachukua muda gani?

Mtandaoni, majimbo kadhaa huidhinisha siku hiyohiyo au ndani ya siku chache. Kwa posta ni wiki kadhaa. Ada ya haraka haina maana isipokuwa una mkataba unaongoja.

## Baada ya jimbo kukubali

11. EIN naipataje, na ni bei gani?

Ni bure, moja kwa moja kutoka IRS. Tovuti zinazodai dola 75 au 200 zinakujazia fomu ileile.

Ngoja kwanza jimbo likubali, kwa sababu jina kwenye EIN lazima lilingane herufi kwa herufi na hati ya jimbo. Mwenye namba ya Social Security au ITIN (namba ya kodi ya mtu asiye na Social Security) huomba mtandaoni na kuipata palepale. Kaa nayo mpaka umalize, maana ukiiacha dakika 15 bila kugusa kitu inakufungia na unaanza upya. Barua inayotoka inaitwa CP 575. Ipakue hapohapo na uihifadhi mahali pawili. IRS haiitoi mara ya pili. Ukiipoteza, piga simu uombe 147C, ambayo benki huikubali.

Ukikutana na kosa namba 101, jina lako linagongana na kampuni nyingine kwenye mfumo wa IRS, labda ya jimbo lingine. Kampuni yako haina tatizo. Tuma fomu SS-4, ile ya karatasi ya kuomba EIN, kwa faksi.

Asiye na Social Security wala ITIN hawezi kuomba mtandaoni. Anajaza SS-4, kwenye mstari wa 7b anaandika “Foreign”, anatuma kwa faksi au anapiga simu ile ya IRS ya waombaji wa nje. Si lazima upate ITIN kwanza, ingawa wauza huduma hupenda kukuuzia vyote viwili.

12. Mkataba wa uendeshaji (operating agreement), yaani makubaliano ya wamiliki kuhusu kampuni, ni lazima, hata kama niko peke yangu?

Majimbo machache, New York na California yakiwemo, yanautaka kisheria. Kwingine hautakiwi, lakini uandike. Hautumwi jimboni; unakaa kwenye faili lako. Benki nyingi huuomba, na ndio ushahidi kwamba kampuni ni kitu mbali na wewe.

Mkiwa wawili au zaidi, hapa ndipo undugu huvunjika au hudumu. Andikeni nani ametoa pesa ngapi na nani ametoa kazi, faida inagawanywa lini, nani anatia sahihi hundi. Andikeni pia mmoja akifa, akitalikiwa au akirudi nyumbani kwa kudumu sehemu yake inauzwa kwa nani na kwa bei inayopimwa vipi. Asilimia 50 kwa 50 bila namna ya kuvunja sare ni makosa ya kawaida sana. “Tunaaminiana” si kifungu cha mkataba, na jaji atatumia sheria ya jimbo badala ya mliyokubaliana kwa mdomo.

13. Akaunti ya benki: nahitaji nini, na kuchanganya pesa ni nini?

Peleka hati iliyoidhinishwa, barua ya EIN, mkataba wa uendeshaji na kitambulisho. Kinachokwamisha Waafrika Mashariki wengi ni majina: hati inasema majina mawili, pasipoti ina matatu, green card imeyapanga kinyume. Tangu siku ya kwanza andika jina kama lilivyo kwenye kitambulisho utakachoonyesha benki.

Kuchanganya ni kulipa matumizi ya nyumbani kwa pesa ya kampuni. Njia sahihi ni hii: kampuni inakuhamishia dola 1,500 kwenda akaunti yako binafsi, unaandika “owner draw”, kisha wewe ndiye unayelipa kodi ya nyumba, karo ya mpwa na mchango wa harusi. Ukituma M-Pesa nyumbani moja kwa moja kutoka kadi ya kampuni kila wiki, wakili wa anayekudai ataiambia mahakama kampuni hii ni jina tu, na anaweza kusikilizwa.

14. Nimeletewa barua inayodai dola 90 na kitu za cheti au mabango ya sheria za kazi. Nilipe?

Karibu kila aliyesajili huipata ndani ya wiki chache. Ina picha ya ndege tai kama ya serikali, namba ya faili na tarehe ya mwisho, lakini tafuta maandishi madogo chini: “not a government agency”. Jina lako wamelitoa kwenye daftari la umma. Kama jimbo linakudai kweli, utaliona deni hilo ukiingia kwenye tovuti ya jimbo.

15. Na ile ripoti ya wamiliki kwa FinCEN, kitengo cha Wizara ya Fedha cha kupambana na uhalifu wa fedha?

Ilianza Januari 1, 2024, ikasimamishwa na kurudishwa mahakamani mara kadhaa. Machi 2025 FinCEN ilitoa kanuni inayoziondolea wajibu kampuni zilizoanzishwa ndani ya Marekani, hata ikiwa mmiliki ni mgeni. Iliyobaki ni ya kampuni za nchi nyingine zilizojiandikisha kufanya biashara kwenye jimbo. Anayekudai ada ya kukujazia LLC yako ya Texas anakuibia.

## Kodi

16. LLC inalipa kodi vipi? Na S-corp je?

Ya mtu mmoja, IRS haiioni: unajaza Schedule C, na faida inatozwa kodi ya mapato pamoja na asilimia 15.3 ya Social Security na Medicare. Hakuna mwajiri wa kukukata, kwa hiyo unalipa mwenyewe kwa awamu, Aprili 15, Juni 15, Septemba 15 na Januari 15. Weka pembeni robo ya faida kila mwezi. Wanaougua Aprili ni wale wasiofanya hivyo.

Ya watu wawili na zaidi hujaza fomu 1065, ya kodi ya ubia, kabla ya Machi 15, hata kama haikuingiza kitu kikubwa. Faini ya kuchelewa huhesabiwa kwa kila mwanachama kwa kila mwezi, na inapita dola 200. Mume na mke walio kwenye jimbo la mali ya pamoja, kama Texas, Arizona, California au Washington, wanaweza kuhesabiwa kama mmiliki mmoja na kukwepa 1065. Wa Ohio au Minnesota hawawezi.

S-corp si aina nyingine ya kampuni, ni uamuzi wa kodi unaoombwa kwa fomu 2553 ndani ya miezi miwili na siku 15. Unajilipa mshahara wa haki, na faida inayobaki haitozwi ile 15.3. Lakini kuna payroll (mfumo wa kulipa mishahara na kukata kodi), fomu 1120-S na mhasibu wa kulipwa. Faida ikiwa chini ya dola 40,000 kwa mwaka, gharama hizo huila nafuu yote. Na asiye mkazi wa Marekani kikodi haruhusiwi kuwa mmiliki wa S-corp.

## Hali za pekee

17. Niko Dar au Nairobi, nataka LLC ili nipokee malipo ya wateja wa nje. Nijue nini?

Inawezekana bila kusafiri. EIN ni kama swali la 11. Benki za kawaida nyingi hutaka ufike tawini, ndiyo maana wengi hutumia kampuni za fedha za mtandaoni.

Jambo linalofichwa kwenye matangazo ni fomu 5472. LLC ya mgeni mmoja lazima iitume kila mwaka pamoja na fomu 1120 iliyojazwa juujuu tu, kwa posta au faksi, mwisho Aprili 15, kila inapokuwa na miamala na mmiliki. Hata pesa uliyoiweka kuanzisha kampuni ni muamala. Faini ni dola 25,000, deni la kodi liwepo lisiwepo.

Kama kazi unaifanyia nyumbani na huna ofisi wala mfanyakazi Marekani, mara nyingi hakuna kodi ya mapato ya huko. TRA au KRA bado wanakudai, kwa sababu wewe ni mkazi wao. Marekani haina mkataba wa kodi ya mapato na Tanzania wala Kenya, kwa hiyo usimwamini anayekuambia “mkataba unakulinda”.

18. Nikishasajili LLC naweza kuanza kazi?

Usajili si leseni. Nyumba ya kulea wazee katika jimbo la Washington inahitaji leseni ya DSHS, idara ya huduma za jamii na afya ya jimbo hilo, kabla mzee wa kwanza hajaingia. Lori la mizigo la kuvuka majimbo linahitaji namba ya USDOT (ya Idara ya Usafiri), ruhusa ya dola 300 kutoka FMCSA (wakala wa idara hiyo unaosimamia malori), fomu BOC-3 ya kutaja mawakala wa kukupokelea hati za mahakama, na bima isiyopungua dola 750,000 kwa mizigo ya kawaida. Omba vyote kwa jina la LLC. Waliochukua USDOT kwa jina lao kisha wakafungua kampuni hujikuta bima iko kwa mmoja na ruhusa kwa mwingine, na lori linalala uani.

Wauguzi, wahasibu na wenye taaluma nyingine za leseni: majimbo kadhaa yanawataka wafungue PLLC, yaani LLC ya wenye taaluma. California haiwaruhusu wengi wao kutumia LLC kabisa.

19. Sikutuma ripoti ya mwaka, na jimbo limeifuta kampuni. Imekufa?

Kwa kawaida inafufulika: tuma ripoti zilizopita, lipa faini na ada ya kuirudisha. Fanya haraka, kwa sababu jina lako linaweza kuchukuliwa na mwingine, na mikataba uliyotia sahihi ikiwa imefutwa inaweza kukuangukia wewe binafsi.

20. Biashara imekwisha. Nikiiacha tu itajifunga?

Haitajifunga salama. California itaendelea kuandika dola 800 kila mwaka. Lipa madeni, tuma hati ya kufunga kwa jimbo, tia alama ya “final” kwenye fomu ya mwisho ya kodi, funga akaunti za kodi ya mauzo na ya mishahara, kisha iandikie IRS barua ya kufunga akaunti ya EIN. Akaunti ya benki ifunge mwisho kabisa, kwa sababu marejesho ya bima na ya kodi huja kwa jina la kampuni, na hundi hiyo hutaweza kuitia kwenye akaunti yako binafsi.